Kipepeo Homerus wa Jamaika

Papilio homerus, aliyepewa jina hilo na mtaalamu wa wadudu Fabricius mwaka 1793, ni kipepeo asiyepatikana popote duniani ila Jamaika, na mabawa yake meusi yenye utepe mpana wa manjano hufikia takriban sentimita 15 yakikunjuliwa. Viwavi wake, yaani mabuu yanayoanguliwa kutoka kwenye mayai, hutegemea majani ya miti ya jenasi Hernandia, hivyo msitu ukifyekwa kwa ajili ya kilimo, kikiwemo cha kahawa, kizazi kizima hukosa chakula. Leo amesalia katika milima ya mashariki na Cockpit Country upande wa magharibi. Mkataba wa CITES, unaodhibiti biashara ya viumbe walio hatarini, umepiga marufuku biashara yake ya kimataifa, lakini marufuku hayo hayatamwokoa miti ya Hernandia isipolindwa.