Fahamu: Je, mtoto anaweza kuwa mbia?

Tuseme wauza nguo wawili wa Keroka, mji wa mpakani mwa Kisii na Nyamira, wanamiliki duka kwa ubia. Mmoja anafariki, anaacha mtoto wa miaka 14.

Kenya, utu uzima ni miaka 18. Mkataba wa biashara kwa kawaida haumfungi aliye chini ya umri huo. Urithi wa mtoto hutakiwa kuwa na wasimamizi wasiopungua wawili, kinga muhimu sana kwa yatima.

India imefafanua zaidi. Kifungu cha 30 cha sheria ya ubia ya 1932 kinamruhusu mtoto kupata faida wabia wote wakikubali. Deni hugusa fungu lake tu. Akishatimiza 18, hupewa miezi 6 kuamua kama atakuwa mbia. Akinyamaza huwa mbia kamili, na madeni ya tangu alipoingizwa kwenye faida za ubia humwangukia.