Nyumba Inaponadiwa kwa Deni: Je, Inafaa Kuinunua?



Suala hili huulizwa sana. Mtu ameshindwa kulipa deni, mahkama imeamuru nyumba yake inadiwe. Jirani anazo pesa na anaitaka, lakini mkewe anamwambia: "Usituingize katika dhulma, mwenyewe hakuridhia." Je, akiinunua atakuwa amekula mali ya mtu kwa batili?

Hoja ya mke huyo si ndogo. Kuridhiana ni sharti ya biashara, kama ilivyokuja katika Suratun-Nisaa aya ya 29. Imam Abu Hanifa (Rahimahullaah) alisimama hapo hapo: hakimu hamuuzii mtu mzima mwenye akili mali yake, bali humfunga mpaka auze mwenyewe. Wanafunzi wake wawili, Abu Yusuf na Muhammad, walimkhalifu. Jamhuri ya wanazuoni, akiwemo Imam Shafi‘i ambaye madhehebu yake ndiyo yetu visiwani, wamesema hakimu huuza, kwani kulazimishwa kwa haki hakubatilishi uuzaji. Wametaja kuwa Mtume (Swalla Allaahu ‘alayhi wa sallam) aliuza mali ya Mu‘aadh bin Jabal kwa madeni yake, ingawa sanadi yake imejadiliwa. Na katika Muwatta ya Imam Malik, ‘Umar (Radhiya Allaahu ‘anhu) aliwaita waliomdai mtu wa Juhaynah aliyefilisika, ili wagawiwe mali yake.

Basi asili ya jibu ni kuwa inafaa. Lakini neno "kwa haki" ndilo lenye uzito, na migogoro mingi inatoka hapo.

Kwanza, je, mdaiwa ana uwezo na anazungusha watu, au amekwama kweli? Anayezungusha ni dhalimu, na huuziwa. Aliyekwama kabisa, Suratul-Baqarah aya ya 280 imetuamrisha tumpe muda. Vipi ikiwa hana kitu ila nyumba anayolala na watoto wake? Kauli yenye nguvu kwetu Mashafi‘i ni kuwa inauzwa, naye atapanga. Imam Ahmad amesema haiuzwi ikiwa ni ya kumtosha tu. Ikiwa ni ya fahari itauzwa, anunuliwe ya kumfaa. Mimi mdai akinijia kabla ya kwenda mahkamani humnasihi achukue kauli ya Imam Ahmad. Lakini hakimu akishahukumu kwa mojawapo, khilafu imeondoka, na mnunuzi hana lawama kwa hilo.

Pili, hiyo mali ni ya nani? Huuzwa mali ya mdaiwa tu. Nyumba ya urithi ambayo haijagawiwa, chake ni fungu lake. Wakfu hauuzwi kwa deni la anayenufaika nao. Mke aliyechangia ujenzi kwa pesa zake naye ana haki yake, ila apeleke pingamizi na ushahidi mahkamani mapema. Wengi husubiri mpaka nyumba imeshanadiwa ndipo walie.

Tatu, bei. Mafaqihi wameshurutisha bei ya mfano, yaani bei ya soko, na wakapendekeza mdaiwa na wadai wahudhurie. Wanunuzi kula njama ili nyumba ianguke kwa bei ya kutupa ni haramu. Kinachobaki baada ya deni ni cha mwenye nyumba, arudishiwe.

Jambo zito zaidi ni riba. Ikiwa mtu alikopa benki kwa riba na ameshalipa rasilimali yote, kisha nyumba inanadiwa kwa ajili ya riba iliyobaki, hiyo si haki, wala usiinunue hata kama karatasi zote zimetimia. Amri ya mahkama haihalalishi haramu kwa anayeijua. Ama ikiwa rasilimali bado inadaiwa, hiyo ni haki ya mdai, na kununua kunafaa kwa masharti tuliyoyataja.

Kwa hiyo muulizaji amwendee mwenye nyumba kabla ya siku ya mnada, amuulize deni ni la nini na limebaki kiasi gani. Huenda huyo mtu akakubali kumuuzia mwenyewe kwa bei nzuri, alipe deni lake, na neno la mke likawa limekwisha.

Wallaahu a‘lam.