Sauti ya Mashini Katika Misa

Katika parokia nyingi, korali zinajifunza nyimbo kwa simu. Tena wako vijana wanaoandika maneno ya wimbo, wanayatia katika programu, na kitambo kidogo mashini inaimba, pamoja na ngoma zake na vinanda vyake. Je, wimbo huo ufae kwa Misa?

Inafaa kwanza tutenganishe mambo mawili. Auto-Tune, iliyotoka mwaka 1997, inanyosha sauti ya mtu: inapima mtetemo wake, halafu inaivuta mpaka ngazi iliyo karibu, mara nyingi kati ya zile 12 za kinanda. Programu mpya hazinyoshi mtu. Zimefundishwa kwa sauti za waimbaji wengi, nazo zinatoa sauti isiyo ya mtu yeyote.

Fizi na Baraka tunaimba kwa Kibembe vilevile. Katika Kibembe, sauti ikipanda au ikishuka, neno laweza kugeuka maana. Mtunzi mzaliwa anafuata neno. Mashini inafuata ngazi zake tu. Basi waamini watatamka neno jingine kabisa mbele ya altare. (Kiswahili hakina taabu hiyo, kwa hiyo waalimu wa korali wanaisahau upesi.)

Maagizo ya Roma ya tarehe 3 Septemba 1958 yalikataza gramofoni, radio na mashini za kunasa sauti katika liturjia, hata kwa kusaidia korali. Kipaza-sauti kiliruhusiwa, kwa maana kinakuza sauti ya mtu aliyepo. Mtaguso wa Vatikano, mwaka 1963, ulitaka watu wote washiriki kwa kuitikia na kuimba. Na Misa yetu ya Zaire, iliyokubaliwa mwaka 1988, imejaa maitikio. Mashini haina ubatizo. Nani ataitikia Amina mahali petu?

Tarehe 28 Novemba 1964, Luigi Carrara na Vittorio Faccin waliuawa Baraka. Giovanni Didonè na padri Albert Joubert, Fizi. Walitangazwa Wenyeheri Uvira tarehe 18 Agosti 2024. Wastahili nyimbo. Mashini yaweza kuzitoa kabla chai haijapoa, lakini haikuwalilia.

Simu itumike siku ya mazoezi, kwa kujifunza. Na wimbo mpya wa Kibembe, kabla ya kuingia kanisani, uimbwe mbele ya mama mzee asiyesoma, naye aulizwe amesikia neno gani.