Edwina Booth na Jua la Murchison

Paukwa! Pakawa!

Leo sina sungura wala fisi. Nina msichana wa Marekani aliyeitwa Edwina Booth. Ninyi watoto wa Rhonda, hapa Nakuru, mnaojazana kwenye vibanda vya video kumsikiliza DJ Afro akisimulia muvi, kisa hiki kinawahusu, maana kilipitia kwetu.

Alizaliwa mwaka 1904 huko Provo, jimbo la Utah, akaitwa Josephine Constance Woodruff. Alipofika Hollywood akabadilishwa jina, akawa anapewa sehemu ndogondogo: unapepesa jicho, keshapita. Halafu kampuni kubwa ya MGM ikatafuta binti wa kuigiza kwenye Trader Horn, hadithi ya mfanyabiashara wa pembe za ndovu. Wakamchagua yeye.

Siku hizo Afrika ya kwenye sinema mara nyingi ilitengenezwa nyuma ya studio, kwa mimea ya kupanda na simba wa kufugwa. Mwongozaji W. S. Van Dyke alitaka Afrika yenyewe. Basi mwaka 1929 wakapanda meli, waigizaji na mafundi na makamera, wakaja Afrika Mashariki. Walipiga picha Kenya, wakapiga Uganda, hadi kwenye maporomoko ya Murchison.

Sasa sikilizeni vizuri. Edwina aliigiza Nina, binti wa mmisionari aliyepotea utotoni akageuzwa malkia wa kabila fulani la kubuni. Vazi lake lilikuwa kipande tu cha nguo. Jua la Nakuru mnalijua, lakini huku tuko zaidi ya mita 1,800 juu ya bahari, upepo unatupoza. Kule Murchison ni bondeni, kando ya Nile: joto, mbu, nyasi zinazokata kama wembe. Mwongozaji akisema rudia, unarudia, na ngozi iko wazi vilevile. Edwina akaugua malaria, na maradhi yakamfuata mpaka kwao.

Filamu ilitoka mwaka 1931, ikajaza kumbi na kuingia kwenye orodha ya zilizowania Oscar ya filamu bora. Mimi hadithi yake siipendi. Waafrika mle ndani wanaonyeshwa kama watu wa kutisha tu, na malkia wao lazima awe mzungu! Hata hivyo, yumo Mkenya mmoja aliyeigiza kwa heshima zote: Mutia Omoolu, katika nafasi ya Renchero, mbeba bunduki wa Horn. Studio ilimsafirisha hadi California kumalizia picha zilizobaki. Fikirieni, Mkenya kwenye studio za Hollywood karibu miaka 100 iliyopita, na shuleni hamjawahi kusikia jina lake.

Edwina naye? Baada ya hapo alicheza filamu chache, ikiwemo The Last of the Mohicans ya mwaka 1932, iliyoonyeshwa vipande vipande wiki hadi wiki. Kisha mwili ukakataa. Akalala kitandani muda mrefu. Akaishtaki MGM akidai zaidi ya dola milioni 1, nao wakamalizana nje ya mahakama. Kwa maoni yangu alikuwa na haki: anayekupeleka kazini ndiye wa kukulinda huko kazini.

Alipotoweka kwenye pazia, watu wakavumisha kwamba amekufa. Wengine walisema ni Afrika iliyomuua. Uongo mtupu! Alipata nafuu, akaishi kimya California, akitumikia kanisa lake la Wamormoni, wala hakutaka tena habari za sinema. Alifariki mwaka 1991, akiwa na miaka 86.

Basi Jumamosi hii muvi ikiisha pale kibandani, msikimbilie mlango. Mwambieni mwenye video aache majina ya waigizaji yapite hadi mwisho, myasome.