Mpiga Picha Aliyeiondoa Kamera Mahali Pake

Wapendao sinema huwajua wachezaji, lakini ni wachache wamjuao yule asimamaye nyuma ya kamera. Bwana Karl Freund alizaliwa Bohemia mwaka 1890, akafanya kazi Berlin, Ujerumani.

Siku zile kamera, kwa kawaida, ilisimamishwa juu ya miguu mitatu, isiondoke. Mwaka 1924 Bwana Freund alipiga picha iitwayo Der letzte Mann, habari za bawabu mzee wa hoteli aliyevuliwa koti lake la heshima, akapelekwa kutumika chooni. Sinema hazikuwa na sauti bado, na katika picha hii hata maneno ya kusomwa yalikuwa karibu hakuna. Je, huzuni ya mzee ingejulikanaje? Bwana Freund aliifunga kamera kifuani pake, akayumbayumba kama mlevi, nao watazamaji wakaona nyumba ikizunguka kama bawabu mwenyewe alivyoiona. Kwa mtu mnene kama yeye, kazi hiyo haikuwa ndogo!

Mwaka 1929 alihamia Marekani, akapata tuzo ya Oscar kwa picha ya The Good Earth ya mwaka 1937. Alifariki mwaka 1969.