Mashine Iwatafutayo Waliopotezwa

Usiku wa Septemba 26, 2014, katika mji wa Iguala, jimbo la Guerrero nchini Mexico, wanachuo 43 wa chuo cha ualimu cha Ayotzinapa walikamatwa na polisi, wasionekane tena. Walikuwa vijana wa vijijini, wakisomea kwenda kuwafundisha watoto wa wakulima wenzao. Mpaka leo ni mabaki ya watatu tu yaliyotambuliwa. Mwaka 2022 tume ya serikali yenyewe ilikiri kwamba tendo lile lilikuwa jinai ya dola.

Miezi sita baada ya usiku ule, msanii Rafael Lozano-Hemmer, mzaliwa wa Mexico City aishiye Montréal, Kanada, alitoa kazi aliyoiita Level of Confidence, yaani kiwango cha uhakika. Msanii huyu chuoni alisomea kemia, na pengine ndiyo sababu mashine hazimtishi.

Ukumbini huwekwa kamera na kioo cha kompyuta. Mtazamaji husimama mbele yake. Kompyuta imefundishwa sura za wale vijana 43. Humpima mgeni uso, kisha humwonyesha kijana anayefanana naye zaidi, picha zao zikiwa bega kwa bega, na kutaja kwa asilimia uhakika ilio nao. Anayetafutwa mwenyewe haimpati kamwe.

Utaalamu huo ni uleule watumiao polisi na walinzi wa mipaka kumsaka mtuhumiwa. Msanii ameupindua: hapa husakwa aliyedhulumiwa. Programu ameitoa bure kwa chuo au makumbusho yoyote itakayo kuionyesha, na kazi ikinunuliwa, fedha huiendea jamii iliyofikwa na msiba.

Kwanza nasi tulidhani huu ni mzaha juu ya matanga. Lakini sisi watu wa visiwani twaijua desturi hii. Mgeni akishuka bandarini, mzee humkazia macho akamwuliza, "Wewe si mtoto wa fulani?" Pua na paji la uso humsomea ukoo. Mashine ya Lozano-Hemmer yafanya kazi ya mzee huyo, na mgeni aliyeingia ukumbini kutazama tu hujikuta ana ndugu Ayotzinapa.

Kwa ndugu zetu maofisa tuna neno moja zaidi. Nasi siku hizi twakalishwa mbele ya kamera za vitambulisho, tukatiwa vidole mashinani, wala hatulipingi jambo hilo. Twaomba tu izingatiwe kwamba kompyuta ile haisemi "ndiye". Husema kiasi fulani kwa mia. Penye pengo baina ya kiasi hicho na mia panaweza kusimama raia asiye na hatia, na wa kumsikiliza ni ofisa aliyekaa mezani, si kamera.

Wazazi wa vijana wale wangali wakiandamana, kila mmoja na picha ya mwanawe kifuani.