Faili la Mwanafunzi Lisiwe Siri ya Ofisi

Mzazi wa visiwani mwenye mtoto chuo kikuu hutoa pesa za karafuu, hukopa kwa jamaa, na wengine huuza hata kiwanja. Mwisho wa miaka yote hiyo anachokingoja ni karatasi moja tu, nayo ni hati ya matokeo. Ikikosekana humo alama ya somo moja, kijana hapati shahada wala kazi. Hapo huanza safari za kwenda na kurudi kwa msajili, na baadhi ya safari hizo huishia mahakamani.

Tuseme wazi kwamba si kila mwanafunzi anayelalamika ana haki. Wako wanaotaka mahakama iwape alama wasizozitolea jasho, na mahakama zenyewe zimelikataa jambo hilo. Mwaka 1978 Mahakama ya Juu ya Marekani ilimkatalia mwanafunzi wa udaktari aliyeondolewa na Chuo Kikuu cha Missouri kwa udhaifu wa kazi yake. Ilieleza kwamba kupima elimu ni kazi ya walimu, wala si ya majaji, maadamu mwanafunzi ameonywa na uamuzi umefikiwa kwa makini.

Lakini kupima ni jambo moja, na kuficha kipimo ni jambo jingine. Nchini India, mwanafunzi wa Chuo Kikuu cha Calcutta aliomba kuziona karatasi zake za majibu zilizokwisha kusahihishwa. Chuo kikakataa. Mahakama Kuu ya Calcutta ikampa haki mwanafunzi huyo, na chuo kikakata rufaa, kama walivyofanya baadhi ya wasimamizi wa mitihani katika mashauri ya namna hiyo hiyo. Tarehe 9 Agosti, 2011, Mahakama ya Juu ya nchi hiyo iliamua kwamba, kwa Sheria ya Haki ya Kupata Habari ya mwaka 2005, mtahiniwa anaweza kukagua karatasi zake na kupewa nakala. Majina ya wasahihishaji yalibaki siri, na hapakuamriwa usahihishaji mpya. Vyuo havikunyang'anywa kalamu. Vilitakiwa kufungua mtoto wa meza tu.

Katika uamuzi huo limo onyo. Haki ya kukagua hudumu kwa muda ule tu ambao kanuni zinataka karatasi zihifadhiwe. Zikisha kuteketezwa, hakuna tena cha kuonyeshwa. Kwa hiyo ofisa anayemwambia kijana "njoo wiki ijayo", mwezi baada ya mwezi, huenda anaiua haki yake bila ya kutia saini popote.

Sisi tuliosoma chuoni tunakumbuka ubao. Mwalimu alikosoa herufi mbele ya macho ya mtoto, na mtoto akajua amekosea wapi. Heshima ya mwalimu haikupungua kwa hilo, ilizidi. Iweje basi tukifika chuo kikuu kosa lifungiwe kabatini?

Tunavishauri vyuo na wizara zinazohusika kwamba kila lalamiko la matokeo lipokewe kwa maandishi na mlalamikaji apewe stakabadhi. Siku ya kujibiwa itajwe. Karatasi zinazobishaniwa zisiteketezwe mpaka shauri limalizike. Na rufaa isiamuliwe na yule yule aliyesahihisha. Wanafunzi nao watunze fomu zao za usajili na stakabadhi za ada, na walalamike mapema, wasingoje siku ya mahafali.

Mahakama ni kimbilio la haki, lakini wakili hulipwa, na miaka ya ujana hairudi. Usipoziba ufa utajenga ukuta. Ufa huu unazibika kwa ufunguo wa kabati, na ufunguo huo uko mikononi mwa watumishi waliokabidhiwa dhamana na umma.